Shangazi, waliokuwa wakinipa lifti sasa wananipa kazi

*Barua ya wiki hii imetoka Kigoma. Nimeipunguza kidogo na kuondoa kila jina.*

Shikamoo Shangazi,

Nina miaka 32 na mtoto mmoja wa kiume, yuko darasa la pili. Huu ni mwaka wa saba nikiwa mwakilishi wa kituo kimoja cha televisheni hapa mkoani Kigoma. Kama huwa unaangalia taarifa ya habari ya saa mbili usiku, huenda umeshanisikia. Sura yangu huonekana mara chache, lakini ile sauti inayomalizia kwa kutaja Kigoma ni yangu.

Hapa mjini naitwa "mtu wa TV". Nikienda Kibirizi wauza dagaa wananiongezea. Mwanangu shuleni ni mtoto wa mtangazaji. Hawajui kwamba mtangazaji huyu analipwa kwa stori, tena ile tu iliyoruka hewani, Sh 10,000. Ikitupwa, basi nauli, bando na jasho nimevila mimi. Na hiyo elfu kumi yenyewe inakuja ikijisikia. Sasa hivi nadai miezi mitano. Mkataba sina. Nina barua moja tu ya utambulisho waliyonipa nilipokuwa naomba ithibati, yaani kibali cha kufanya kazi ya uandishi, imeandikwa kwamba mimi ni "mwandishi wetu wa Mkoa wa Kigoma". Kamera ni simu yangu. Kituo kilinipa maiki yenye nembo na fulana mbili. Mwaka juzi niliomba niwe nauza habari za redio kwa kituo kingine, mhariri akajibu nikithubutu nirudishe maiki yake.

Kazi yote naifanya peke yangu: kupiga picha, kuhoji, kuandika, kusoma. Sauti nairekodia chumbani nikiwa nimejifunika blanketi ili mwangwi usiingie. Siku moja jogoo wa jirani akawika katikati ya habari ya bajeti ya halmashauri. Mhariri akanipigia simu: "Na huyo jogoo ni msemaji wa nani?" Tulicheka sana. Stori ikatupwa.

Sasa Shangazi, mkoa huu ni mkubwa. Kutoka hapa mjini hadi Kibondo ni zaidi ya kilomita 200. Kwa elfu kumi siendi popote. Kwa hiyo naenda wanakokwenda wenye magari. Kukiwa na ziara tunapigiwa simu waandishi, tunapanda gari la msafara, jioni tunasaini karatasi, tunapewa posho, na stori inaruka kwa kuwa ina kiongozi ndani. Sitakudanganya, mwanangu anasomeshwa na zile posho. Kituo hakimsomeshi.

Mwezi wa tatu nilipata stori yangu mwenyewe. Kuna zahanati ilizinduliwa kwa ngoma na utepe, na mimi nilikuwepo, niliiripoti. Miezi minane baadaye haina umeme wala maji, kinamama wanajifungua usiku kwa tochi ya simu. Nilikwenda kwa bodaboda, kwa hela yangu. Nikapiga picha, nikahoji kinamama wanne. Nikarudi mjini kutafuta upande wa pili. Afisa mmoja wa halmashauri husika alinisikiliza mpaka mwisho, akatabasamu, akasema: "Dada, mbona unataka kutuaibisha, na gari letu ulilipanda juzi?"

Hakuongeza neno. Mhariri naye akasema bila kauli ya halmashauri stori haiendi. Mpaka leo iko kwenye simu yangu.

Wiki tatu zilizopita afisa huyohuyo alinipigia. Wanatafuta mtu wa kuongeza nguvu kitengo cha habari. Mkataba wa mwaka mmoja, Sh 600,000 kwa mwezi. "Achana na hao wa Dar wanakutesa," akaniambia. Mama anasema nikikataa nina wazimu. Rafiki yangu niliyesoma naye Mwanza, sasa yuko Dar es Salaam, anasema niache yote mawili niende huko nikaonekane, huku mikoani mtu anazeeka akiwa bado "mwakilishi". Mimi napenda kuripoti, lakini mapenzi hayalipi ada. Nifanye nini?

Mshika Maiki, Kigoma

---

Marahaba mwanangu,

Nilipofika kwa yule jogoo nilicheka mpaka chai ikamwagika. Nilipofika kwenye gari nikanyamaza.

Shangazi yako naye amekuwa ripota wa mikoani, wa redio, enzi za kaseti. Ukiwa Mpanda unarekodi, unaifunga kaseti kwenye bahasha, unamkabidhi mtu wa treni na unamwachia Mungu. Habari ya Jumatatu ilisomwa Alhamisi, ikisomwa. Leo unatuma picha kutoka kitandani kwako, chini ya blanketi. Ila kitu kimoja nakiona hakijasogea hata hatua: yule anayeitaka habari ya Kibondo hataki kulipa nauli ya Kibondo.

Umeniuliza kituo au halmashauri, Kigoma au Dar. Nitakujibu. Lakini kwanza turudi kwa yule afisa. Hakukutisha, hakukufukuza ofisini, hakukuambia habari yako ni ya uongo. Alikukumbusha deni. Mtu akikupa lifti mara moja ni ujirani. Akikupa kila wiki kwa miaka saba, ujue ana daftari. Na mwenye daftari ndiye leo anataka kukuajiri. Mimi ningekuwa wewe ningejiuliza ananunua kazi yangu au ananunua ile stori iliyoko kwenye simu.

Usinielewe vibaya kuhusu kazi yenyewe. Nilishawahi kuvuka upande huo kwa miaka minne, nikawa afisa uhusiano. Nilikula vizuri, nikalala vizuri, nikajenga chumba na sebule kwa mama yangu. Wapo maafisa habari wanaopokea simu ya mwandishi saa nne usiku na kumpa jibu linaloeleweka. Hao ni watu wa maana kuliko baadhi ya wahariri niliowajua. Kama unaipenda kazi ile, iombe kwa mlango wake. Nafasi za kudumu serikalini hutangazwa na Sekretarieti ya Ajira katika Utumishi wa Umma, watu wanaomba, wanafanya usaili. Hii ya kupigiwa simu ni kibarua cha mwaka mmoja, na mwaka ukiisha utarudi kushika maiki ambayo ameshapewa mtu mwingine. Halafu fikiria wiki yako ya kwanza kazini: anakuja mwandishi kijana kuuliza habari za ile zahanati. Utamjibu nini? Utamkumbusha gari alilopanda?

Kwa hiyo kwa njia hii, kwa mtu huyu, na kwa wakati huu, jibu langu ni hapana. Mama yako atanuna. Mpe salamu zangu, mwambie sijakuambia ukae na njaa, nakuja huko.

Njaa yako imeletwa na kituo chako, na hapo ndipo pa kuanzia. Wawakilishi wengi wa mikoani wanaamini kwamba kwa kuwa hawana mkataba basi hawana haki. Sheria haisemi hivyo. Tanzania Bara kuna Sheria ya Taasisi za Kazi, Na. 7 ya 2004. Kifungu cha 61 kinasema mtu anayemfanyia mwingine kazi atachukuliwa kuwa mwajiriwa, mpaka ithibitishwe vinginevyo, likiwepo hata jambo moja tu kati ya kadhaa yaliyotajwa pale. Soma huku unaangalia barua yako. Namna unavyofanya kazi inaongozwa na yule unayemfanyia? Mhariri ndiye anayeamua nini kirushwe na kiwe na nini ndani. Umekuwa sehemu ya taasisi yake? Barua ya ithibati inasema "mwandishi wetu". Umepewa vitendea kazi? Maiki yenye nembo. Unamfanyia kazi huyo mmoja tu? Alikukataza mwenyewe kuuzia wengine! Umemfanyia wastani wa saa 45 kwa mwezi ndani ya miezi mitatu iliyopita? Hapo hesabu mwenyewe, na muda wa bodaboda uweke.

Yule mhariri alipokuambia urudishe maiki alikusaidia bila kujua. Kama wewe ni wa kujitegemea, mwache ujitegemee, uuze unakotaka. Kama ni wake peke yake, akulipe kama wake. Haiwezekani uwe wao siku ya stori, halafu uwe wa kwako mwenyewe siku ya mshahara.

Na kuhusu kutokuwa na karatasi: Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini, Na. 6 ya 2004, inamtaka mwajiri akupe maelezo ya ajira yako kwa maandishi, na mkifika kwenye shauri naye hana maandishi hayo, mzigo wa kuthibitisha mlikubaliana nini unakuwa wake. Pa kwenda ni Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile tunayoita CMA. Angalia kalenda lakini. Madai kama ya malipo hufunguliwa ndani ya siku 60 tangu mgogoro uanze, na mtu akiachishwa kazi ana siku 30 tu. Ukichelewa itabidi kwanza uombe kuongezewa muda na utoe sababu inayoingia akilini. Miezi mitano yako, sehemu yake huenda imeshapita mstari. Usiiache ikawa sita.

Sisemi ukaamke kesho na kesi. Mji wa waandishi ni mdogo na maneno yanasafiri kuliko treni. Anza na barua ya kiungwana kwa mhariri, nakala kwa mtu wa utumishi: orodha ya stori zilizoruka na tarehe zake, unachodai, na ombi la mkataba. Ongeza ombi moja ambalo waandishi huona aibu kuliweka kwenye maandishi: kwa kila habari ya nje ya mji ambayo dawati la habari limeikubali, nauli itumwe kabla ya safari. Kama hawana, waseme hawana, na wewe huendi. Orodha ya tarehe naamini unayo. Kama huna, Shangazi anakukasirikia. Anza leo, kwenye daftari la shule la mwanao likibidi.

Kuna jambo jingine limo kwenye nauli hiyo, na silitaji kwa furaha. Septemba 2, 2012, kijijini Nyololo, Mufindi, Daudi Mwangosi aliuawa akiwa kazini. Alikuwa mwakilishi wa Channel Ten mkoani Iringa na mwenyekiti wa klabu ya waandishi ya mkoa ule. Alikuwa anafanya hii hii kazi yako. Tangu siku ile kila nikisikia ripota wa mkoani ametoka peke yake, moyo unanidunda. Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 ina mengi ambayo wanahabari tumeyapigia kelele, lakini hilo la vyombo kuwawekea watu wao bima na hifadhi ya jamii limo. Liweke kwenye barua yako. Wakati unasubiri jibu, NSSF wanapokea pia waliojiajiri. Anza na kidogo.

Sasa Dar. Rafiki yako anakupenda, simkatalii. Ila mwulize siku ya mkutano wa wizara mezani kunakuwa na maiki ngapi, na ya kwake iko ya ngapi kutoka pembeni. Mwulize pia analipa kodi kiasi gani, na kama yeye halipwi kwa stori. Wewe unakaa kwenye Ziwa Tanganyika, ziwa lenye nchi nne, Tanzania, Kongo, Burundi na Zambia. Mwaka 2024 uvuvi ulipofungwa miezi mitatu kwa upande wetu, Mei 15 hadi Agosti 15, ili samaki wazaliane, aliyeweza kuielezea nchi nini kinatokea kwa mama wa Kibirizi ambaye beseni lake limekauka alikuwa mtu anayeongezewa dagaa na mama huyo. Kambi ya Nyarugusu iko tangu 1996. Kuna watu wazima waliozaliwa humo. Habari hizi Dar hazipatikani hata ukizipangia foleni.

Na si kweli kwamba sauti lazima ipitie Dar ili isikike. Redio Free Africa ilijulikana nchi nzima ikiwa Mwanza. Jirani zako wa Radio Kwizera walianza Ngara mwaka 1995, wakati wakimbizi wa Rwanda wamejaa wilaya ile. Idhaa za Kiswahili za nje, kama ile ya DW kule Bonn, nazo huchukua ripoti za watu walioko mikoani na nchi jirani. Suala la maiki likishapata jibu kwa maandishi, waandikie. Watataka kusikia sampuli, kwa hiyo funga mlango, tandika blanketi vizuri, na yule jogoo mfanyie mpango na jirani.

Posho. Najua ulisubiri nikukemee. Sikukemei, nimeshasaini karatasi zile mimi mwenyewe, na mtoto halipiwi ada kwa maadili. Ila usiache zikawa gari lako pekee. Ripota mzuri wa mkoani huwa hapandi basi kwa stori moja. Ukienda Kasulu siku ya mnada, rudi na bei ya maharage, na shule uliyoipita yenye madawati chini ya mti, na picha za akiba za barabara ambazo utazihitaji mvua zikianza. Nauli moja, stori tatu, na mbili kati ya hizo hakuna mkubwa ndani. Kwenye klabu yenu ya waandishi tafuteni wawili au watatu mnaoaminiana mchangie gari. Kila mtu ana kituo chake, hamgombani. Mwezi mmoja safari moja kama hiyo. Mwezi wa pili mbili. Na siku unayopanda gari la msafara, panda ukijua umepanda, uliza swali moja ambalo aliyekualika hakulitarajia, uone kama wiki ijayo watakupigia tena. Utajifunza mengi kwa simu ambayo haikuita.

Nimeacha mwisho lile lililonikera kuliko yote, na hapa nakugombeza kidogo. Nani alikuambia stori inakufa kwa sababu afisa ametabasamu? Mhariri alikuwa sahihi kutaka upande wa pili, na wewe ulikuwa mvivu kukubali kwamba upande wa pili ni mtu mmoja. Umeme unaulizwa TANESCO. Maji ya vijijini yanaulizwa RUWASA. Zahanati ina mganga mkuu wa wilaya, kata ina diwani. Andika maswali yako kwenye karatasi, yapeleke masjala ya halmashauri, nakala yako igongwe mhuri wa kupokelewa. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inawapa siku 30 za kukujibu. Wakijibu, una kauli. Wasipojibu, una mhuri wenye tarehe, na hiyo nayo ni habari: "tuliuliza tarehe fulani, hadi tunakwenda hewani hawajajibu." Mhariri akikataa hata hiyo, nitakuwa nimekosea kumsifu, na barua yako ya mkataba itakuwa na aya moja zaidi.

Picha zile ni za mwezi wa tatu. Sijui kama kinamama wa pale bado wanajifungua kwa tochi ya simu au umeme umeshaingia, maana kwenye barua yako ndefu hukusema. Bodaboda mpaka kijijini ilikuwa shilingi ngapi?

Shangazi yako